Uso Uleule, Watu Tofauti: Kazi ya Pete Postlethwaite

Aliyewahi kutazama filamu na wenzake anayajua mabishano haya. Sura inatokea kwenye skrini: mzee mwembamba, mifupa ya mashavu imechomoza, pua pana, macho yamezama ndani. Mmoja anadakia, "Huyu namjua, ndiye yule mwindaji wa The Lost World." Mwingine anakataa: huyo ni wakili wa The Usual Suspects. Wa tatu anaapa kwamba ndiye padri aliyewafungisha ndoa Romeo na Juliet katika ile ya Leonardo DiCaprio. Wa nne, asiyesahau jambazi hata mmoja, anamtaja muuza maua wa The Town. Wote wanne wamepatia. Waulize jina lake, hakuna anayelijua. Na hakosekani wa kufunga mjadala: "Kama anajua kuigiza kiasi hicho, mbona hakuwa staa?"

Swali hilo limekaa juu ya dhana mbili tatu ambazo tumezichanganya kwa miaka mingi, na Pete Postlethwaite, Mwingereza aliyefariki Januari 2011, ni mtu mzuri wa kutusaidia kuzitenganisha.

Tuanze na majina ya kazi. Stelingi tunamjua wote. Ndiye picha inamfuata, ndiye risasi zinamkosa, na kwenye vibanda vya video tulikua tukiambiana kwamba stelingi hafi. Kinyume chake kabisa ni watu wa pembeni: wapita njia, wateja wa hotelini, askari wa mstari wa nyuma, ambao kazi yao ni kujaza mahali ili paonekane pana watu. Kati ya hao wawili kuna eneo kubwa ambalo sisi watazamaji hatulipi jina, na humo ndimo wanamoishi waigizaji wengi wanaojua kazi yao.

Humo ndani nako kuna vitu viwili vinavyochanganywa kila siku. Mwigizaji msaidizi ni yule ambaye nafasi yake katika hadithi hii si ya kwanza. Hilo ni suala la ukubwa wa nafasi tu, na linaweza kubadilika filamu ijayo. Mwigizaji wa uhusika ni jambo jingine: ni namna ya kufanya kazi. Staa mara nyingi huuza ule mvuto wake mwenyewe, na watu hulipa kiingilio ili wamwone yeye, awe rubani, mpelelezi au bwana harusi. Mwigizaji wa uhusika humwachia mhusika mbele, yeye akabaki nyuma. Unatoka umemkumbuka yule baba, yule sajini, yule wakili, aliyewaigiza unamsahau. Kwa hiyo mtu anaweza kuwa mwigizaji wa uhusika hata akiwa ameshika nafasi kubwa kuliko wote katika filamu, na Postlethwaite aliwahi kufanya hivyo, tutafika huko.

Kuna ngazi moja zaidi. Wengi wa waigizaji wa uhusika wana uhusika mmoja tu. Yule wa polisi mnene ni wa polisi mnene mpaka anastaafu. Mwenye sura ya ubaya atakuwa adui katika filamu hamsini. Ni kazi halali na inalipa. Anayeitwa mwigizaji wa nafasi nyingi ni yule anayeweza kukupa mtu mpole mwaka huu na katili mwaka ujao, na ukawaamini wote wawili. Fikiria kundi la taarab: mashabiki wanakwenda kumtunza mwimbaji, lakini yule mpiga kanuni, ile ala ya nyuzi, anayeweza kuingia kwenye wimbo wowote, wa huzuni au wa kijembe, ndiye viongozi wa makundi wanamgombania.

Sasa tumwangalie mwenyewe.

Alizaliwa Warrington tarehe 7 Februari 1946, mji wa viwanda ulio kati ya Liverpool na Manchester, kaskazini magharibi mwa Uingereza. Familia ilikuwa ya wafanyakazi, Wakatoliki. Hakuanza na uigizaji. Alisomea ualimu na akafundisha, kisha akiwa katikati ya miaka ya ishirini akaacha chaki na kwenda kusomea uigizaji katika shule ya Bristol Old Vic. Kwa familia ya aina ile uamuzi huo ulikuwa mzito, na mzazi yeyote wa huku aliyewahi kuambiwa na mwanawe "naacha ualimu nikaigize" anaweza kukisia mazungumzo yalivyokuwa mezani.

Baada ya Bristol alifika Liverpool, katika ukumbi uitwao Everyman, na hapa inabidi tusimame kidogo, kwa sababu ndipo penye jibu la swali jingine linaloulizwa sana: kwa nini Uingereza, nchi isiyo kubwa, inatoa waigizaji wa namna hii kama mvua? Ukisikiliza majibu ya mitandaoni utaambiwa ni kipaji cha asili, au ni kwa sababu ya Shakespeare. Jibu la kweli ni la kawaida zaidi, na ni la fedha.

Baada ya Vita vya Pili vya Dunia serikali ya Uingereza iliunda Baraza la Sanaa, mwaka 1946, mwaka uleule aliozaliwa Postlethwaite, na ikaanza kutoa ruzuku kwa kumbi za maigizo hata nje ya London. Miji ya kawaida ikawa na makundi yake ya kudumu. Kundi la watu wachache lilikuwa linacheza tamthilia moja jioni huku mchana likifanya mazoezi ya inayofuata. Ukiwa kijana katika kundi kama hilo hukuwa na nafasi ya kusema "mimi ni wa mapenzi tu." Wiki hii wewe ni mtumishi, wiki zijazo ni mfalme, halafu ni mlevi, halafu ni babu wa miaka themanini, na babu huyo unamwigiza ukiwa na miaka ishirini na sita kwa sababu kwenye kundi hakuna babu. Juu ya hilo, kwa miaka mingi kuanzia ya sitini halmashauri za Uingereza zilitoa misaada ya masomo iliyomwezesha mtoto wa mfanyakazi kusoma bila kufilisi nyumba. Ndiyo njia iliyowapitisha vijana wa Warrington na wa mitaa ya Liverpool waliokuwa na lafudhi za kwao, na hawakuzificha.

Everyman ya miaka ya sabini ilikuwa mfano wa kushangaza. Postlethwaite alikuwa hapo kipindi ambacho Julie Walters, Bill Nighy, Jonathan Pryce na Antony Sher nao walipita. Waandishi wa mji wenyewe, kina Willy Russell na Alan Bleasdale, walikuwa wakiwaandikia watu wa mji wenyewe. Kikundi cha ukumbi huo kilikwenda kuigiza hata kwenye baa, mbele ya watu waliokuja kunywa na wasioomba kuona maigizo. Anayeweza kumnyamazisha mlevi wa Liverpool mwenye bia mkononi, kamera haitamtisha.

Miaka mingi ikapita hivyo. Alikwenda pia kwenye kampuni ya kifalme ya Shakespeare, akafanya televisheni, akapata nafasi ndogo za filamu. Kuhusu jina lake kuna utani aliokuwa akiusimulia: alishauriwa alibadilishe kwa kuwa kumbi za maigizo zisingemudu bili ya umeme ya kuliandika kwa taa mlangoni. Alikataa. Alipoanza kujulikana nje ya Uingereza alikuwa amekwisha kupita miaka arobaini.

Nafasi iliyowafanya watu wageuke ni ya mwaka 1988, Distant Voices, Still Lives, filamu ya Terence Davies kuhusu familia ya Liverpool ya miaka ya arobaini na hamsini. Postlethwaite ni baba wa nyumba, na ni mtu wa kuogopwa. Anapiga mke, anapiga watoto. Mkesha wa Krismasi tunamwona akiwatazama watoto wake wamelala, na uso ule mgumu umelainika. Anawaombea baraka kwa sauti ya chini. Siku inayofuata familia imekaa mezani, chakula kimeandaliwa, na ghafla anakikamata kitambaa cha meza na kuburuta kila kitu chini, akipiga kelele mkewe aje asafishe. Hakuna sababu inayotolewa. Kinachotisha ni kwamba ule upole wa usiku haukuwa wa uongo. Mwigizaji wa kawaida angeuigiza upole huo kama kinyago, ili tujue mapema kwamba huyu ni mbaya. Yeye alimpa mtu yule upendo wa kweli, kisha akamwacha auvunje mwenyewe.

Miaka mitano baadaye, 1993, akaigiza baba mwingine. In the Name of the Father ya Jim Sheridan inatokana na kisa cha kweli. Tarehe 5 Oktoba 1974 mabomu ya IRA, kundi la wapiganaji wa Ireland, yalilipuka kwenye baa za Guildford, kusini mwa Uingereza, na watu watano wakafa. Vijana wanne wakafungwa maisha kwa kosa ambalo hawakulifanya, mmoja wao akiwa Gerry Conlon wa Belfast, Ireland ya Kaskazini. Baba yake, Giuseppe Conlon, mgonjwa wa mapafu, alisafiri kwenda London kumsaidia mwanawe, naye akakamatwa na kufungwa pamoja na jamaa zao. Giuseppe alifia kifungoni Januari 1980. Vijana wale waliachiwa mwaka 1989, baada ya miaka kumi na mitano.

Daniel Day-Lewis aliigiza Gerry. Postlethwaite aliigiza Giuseppe. Sasa hesabu: Day-Lewis alizaliwa 1957, Postlethwaite 1946. Baba amempita mwana miaka kumi na mmoja tu. Tazama filamu uone kama utakumbuka hesabu hiyo hata kwa dakika moja. Hakuvaa ndevu za bandia wala makunyanzi ya plastiki. Alivuta mabega ndani, kama mtu ambaye maisha yake yote amejaribu asichukue nafasi kubwa. Alipumua juu juu. Alizungumza polepole, kwa Kiingereza cha Belfast, akamaliza sentensi hata alipokuwa anakatizwa. Gerezani, mwana anafoka na kuruka ukutani, baba anakunja nguo zake na kusali. Kila mara kijana anapomdharau, unaona kwenye macho ya mzee kwamba ameumia na kwamba ameamua kutolipiza. Ndani ya nyumba ya Liverpool mwaka 1988 macho hayahaya yalikuwa yanatafuta wa kumpiga.

(Angalizo kwa wanaoitumia filamu hiyo kama somo la historia: baba na mwana hawakukaa chumba kimoja gerezani kama inavyoonyeshwa. Waandishi waliwaweka pamoja ili hadithi ya mapenzi yao iwezekane. Lakini dhuluma yenyewe, kufungwa na kifo, vilitokea.)

Nafasi hiyo ilimfanya ateuliwe kuwania tuzo ya Oscar ya mwigizaji msaidizi. Hakushinda. Usiku ule wa Machi 1994 alishinda Tommy Lee Jones kwa The Fugitive, na katika orodha hiyohiyo walikuwamo kijana Leonardo DiCaprio, Ralph Fiennes na John Malkovich. Hakuteuliwa tena maishani. Wapo wanaotumia jambo hilo kuthibitisha kwamba hakuwa wa daraja la juu. Ni kipimo kibovu. Tuzo hutolewa kwa nafasi moja, mwaka mmoja, ukilinganishwa na waliobahatika kutoka mwaka huohuo. Uwezo wa kucheza nafasi nyingi hauonekani ndani ya filamu moja. Unaonekana ukiziweka filamu kadhaa pamoja, na hakuna jopo la tuzo linalofanya hivyo.

Basi tuziweke pamoja. Mwaka mmoja baada ya Giuseppe, Waingereza walimwona kwenye televisheni katika mfululizo wa Sharpe, unaohusu vita dhidi ya Napoleon, akiwa sajini Obadiah Hakeswill. Ni takataka ya mtu: mbakaji, mwizi, muuaji, anayeamini kwamba hawezi kufa. Shingo inamruka. Anavua kofia yake ya kijeshi na kuongea na mama yake ndani ya kofia. Ni nafasi inayomtega mwigizaji afanye vichekesho, na Postlethwaite aliiendea kwa pupa zote, sauti juu, meno nje. Hapa ndipo wanapokosea watu wanaosema kwamba aliigiza kwa kujizuia kila wakati. Mhusika akidai kelele, alitoa kelele.

Mwaka 1995 akageuka tena. Katika The Usual Suspects anaingia mtu wa suti nadhifu, anajiita Kobayashi, jina la Kijapani, na anazungumza kwa lafudhi inayoelekea Bara Hindi, wakati sura ni ya Mzungu. Hakuna chochote kinacholingana. Watazamaji wengi walidhani ni kosa la utengenezaji. Aliyemaliza filamu anajua kwamba kutolingana huko kuna sababu, na asiyeitazama simharibii. Cha kutazama ni namna anavyotisha. Hapandishi sauti. Wanaume wenye bunduki wamemzunguka, naye anawaeleza kuhusu ndugu zao na wapendwa wao, mmoja mmoja, kwa adabu ya karani wa benki anayekukumbusha kwamba mkopo wako umechelewa.

Halafu 1996, Brassed Off. Hii ndiyo niliyoahidi. Mgodi wa makaa ya mawe wa kaskazini mwa Uingereza unafungwa, na wachimbaji wana bendi ya tarumbeta ambayo kiongozi wake, mzee Danny, anaipenda kuliko pumzi yake, na pumzi yenyewe inaisha kwa sababu vumbi la makaa limekula mapafu yake. Filamu ilipigwa Grimethorpe, kijiji ambacho mgodi wake ulikuwa umefungwa kweli, na muziki ulipigwa na bendi halisi ya mgodi huo. Postlethwaite ndiye nguzo ya filamu, jina lake juu, na bado anaigiza kama mwigizaji wa uhusika: hajaribu kupendwa. Danny ni mkaidi, haoni kwamba familia ya mwanawe inasambaratika, anajali fainali ya mashindano kuliko watu. Ndiyo maana anaposimama jukwaani ndani ya Royal Albert Hall, London, kombe walilolishinda likiwa pale, akawaambia waliokuja kusikiliza muziki kwamba muziki hauna maana kama watu wametupwa, maneno yale yanamgharimu. Anakana kile alichokiishi. Kipande cha hotuba hiyo kilichukuliwa na kundi la Chumbawamba likakiweka mwanzoni mwa wimbo wao Tubthumping katika albamu ya 1997, kwa hiyo kuna watu walioisikia sauti yake bila kujua ni ya nani. Jambo hilo linamfaa.

Sasa turudi kwenye dhana zetu. Wengi hudhani kuwa mwigizaji wa nafasi nyingi ni yule anayebadilika sura: ananenepa, anakonda, anavaa pua ya bandia. Wapo hao, na Uingereza ina mfano maarufu: Alec Guinness aliyeigiza watu wanane wa ukoo mmoja katika Kind Hearts and Coronets ya 1949. Lakini Postlethwaite hakuwa na anasa ya kujificha. Sura yake ilikuwa miongoni mwa zile zisizosahaulika, na aliipeleka kila mahali kama ilivyo. Alichobadilisha ni mwendo, pumzi, kasi ya maneno, na zaidi ya vyote kile mtu anachokitaka. Baba wa 1988 anataka kuogopwa. Giuseppe anataka mwanawe arudi nyumbani. Kobayashi hataki chochote, ametumwa, na ndiyo sababu huwezi kumhonga. Ukijua mtu anataka nini, mwili unajipanga wenyewe.

Dhana nyingine ni kwamba nafasi ndogo ni rahisi. Kinyume chake. Stelingi ana saa mbili za kukufanya umwelewe. Akikosea dakika ya kumi, atarekebisha dakika ya hamsini. Msaidizi ana dakika nane, na katika hizo inabidi uamini kwamba mtu huyu alikuwepo kabla kamera haijawashwa na ataendelea na maisha yake ikizimwa. Tazama kipande kimoja cha The Town, 2010, filamu ya Ben Affleck. Postlethwaite ni Fergie, mkubwa wa majambazi mjini Boston ambaye kazi yake ya mchana ni duka la maua. Anamweleza kijana aliyekataa kazi jinsi alivyomharibu mama yake kwa dawa za kulevya, na wakati wote huo anapunguza miiba ya mawaridi. Mkono hautetemeki, mkasi hausimami. Miezi michache baada ya filamu hiyo kutoka, alifariki.

Na swali la kina sisi: hivi aliwahi kufika kwetu? Alifika. The Constant Gardener ya Fernando Meirelles, iliyotoka 2005, ilipigwa Kenya, Kibera na huko kaskazini Loiyangalani kando ya Ziwa Turkana. Inahusu kampuni ya dawa inayowajaribia watu maskini dawa yake. Postlethwaite ni daktari aliyeshiriki katika uovu huo kisha akakimbilia kambi ya wakimbizi Sudan kutibu watu, kana kwamba jema la leo litalipa deni la jana. Ana muda mfupi sana kwenye skrini. Watu wengi hukumbuka filamu hiyo kwa ajili ya Rachel Weisz, aliyeshinda Oscar, na wamepatia kumkumbuka. Lakini hadithi nzima inasubiri kufika kwa huyu daktari ili isemwe nani alimsaliti nani, na ikafika mikononi mwa mtu ambaye huwezi kumchukia kwa raha.

Miaka minane kabla ya hapo alikuwa ameigiza mwindaji Roland Tembo wa The Lost World, jina ambalo Mswahili hawezi kulisikia bila kutabasamu. Kipande kilichomwonyesha akiwa baa mjini Mombasa kilipigwa kisha kikakatwa kwenye filamu iliyotoka. Baada ya kazi hiyo ilienea habari kwamba mwongozaji Steven Spielberg amemwita mwigizaji bora kuliko wote duniani. Postlethwaite alilijibu kwa mzaha kwamba bila shaka Spielberg alisema "Pete anajidhania ndiye mwigizaji bora duniani." Mpaka leo sentensi ya Spielberg hunukuliwa kila akitajwa, kama cheti. Binafsi naona mzaha wake unatueleza mengi zaidi kuhusu alivyojiona.

Linabaki lile la "mbona hakuwa staa." Sehemu ya jibu ni kwamba alianza filamu akiwa mtu mzima, na sehemu ni ile sura, ambayo watengenezaji wa Hollywood hawangempa busu la mwisho. Lakini sehemu kubwa ni kwamba alikuwa anarudi jukwaani kila mara, hata baada ya Spielberg. Kati ya 2001 na 2003 alizunguka nchi kadhaa na Scaramouche Jones, tamthilia ya mtu mmoja, ya mchekeshaji wa sarakasi anayetimiza miaka mia usiku wa mwisho wa 1999. Hakuna msaidizi pale wala wa kusaidiwa. Ni yeye, rangi nyeupe usoni na saa nzima na zaidi ya kuongea. Mwaka 2008, Liverpool ilipokuwa mji mkuu wa utamaduni wa Ulaya, alirudi Everyman, alikoanzia, kuigiza Mfalme Lear, nafasi ambayo waigizaji wa Kiingereza huisubiri kama hija. Staa anayejali soko hangetumia miezi hiyo kwenye ukumbi wa mji wake wa ujana.

Alikuwa pia mtu wa kusema. Serikali ilimpa nishani ya OBE mwaka 2004. Mwaka 2009, akizindua The Age of Stupid, filamu kuhusu mabadiliko ya tabianchi ambamo anaigiza mzee wa mwaka 2055 anayejiuliza kwa nini hatukujiokoa, alitangaza mbele ya waziri kwamba atairudisha nishani hiyo endapo kituo kipya cha umeme wa makaa kitajengwa Kingsnorth. Yuleyule aliyeigiza mchimba makaa akilia kwa kufungwa kwa mgodi. Wapo walioona anajipinga. Sioni hivyo: Danny wa Brassed Off halilii makaa, analilia watu walioachwa bila chochote.

Alifariki tarehe 2 Januari 2011, kwa saratani ya kongosho, akiwa na miaka 64. Wiki chache baadaye aliteuliwa kuwania BAFTA, tuzo ya filamu ya Uingereza, kwa ajili ya yule muuza maua.

Kwa anayetaka kumjua sasa, ushauri wangu ni asianze na The Lost World, ambako dinosaria wanampora macho yako. Tafuta Distant Voices, Still Lives na In the Name of the Father, uzitazame jioni mbili zinazofuatana. Ile ya kwanza ina kasi ndogo na haina hadithi iliyonyooka, vumilia nusu saa. Kisha malizia na The Usual Suspects, na mtu asikusimulie mwisho.